Jicho la Kushoto

Kazi ya kamera niliianzia kwenye harusi. Wakati ule Sumbawanga mtu mwenye kamera ya video aliitwa kila mahali: sendofu, kipaimara, jubilei za masista, hata misiba ya watu wenye uwezo. Mimi sikuwa na kamera. Nilikuwa naazima ya fundi mmoja mwenye studio jirani na soko. Wenye harusi walinilalamikia sana. Walitaka kuona keki na wageni waalikwa, mimi nawapelekea bibi aliyesinzia na soda mkononi, au watoto wanaojaribu viatu vya watu wazima mlangoni. Fundi aliniambia waziwazi kwamba kwa mtindo huo sitafika mbali.

Nilifika mbali kwa sababu ya malaria ya mtu mwingine. Kikundi cha watengeneza filamu kutoka nje kilikuja kupiga picha za ndege wa Ziwa Rukwa, na mpiga picha wao akaugua hata akalazwa. Kiongozi wao, mama mmoja mrefu mwenye mvi, akaulizia mjini kama kuna yeyote anayejua kushika kamera. Fundi akanitaja, nadhani ili apumzike kidogo na malalamiko. Kesho yake nilikuwa kwenye gari tukiteremka mlima kwenda Muze, na kutoka huko hadi ziwani, nikiwa nimepakata kamera ambayo sikujua hata pa kuiwashia.

Yule mama alinifundisha mambo mengi, lakini la kwanza kabisa lilikuwa hili. Aliniona nimefumba jicho la kushoto huku la kulia likiwa kwenye kamera, kama nilivyozoea harusini. Akaniambia nilifumbue. La kulia lifanye kazi yake ya kutazama picha, alisema, ila la kushoto libaki wazi, kwa sababu hilo ndilo litakaloniambia nini kinakuja. Ilinichukua muda kuzoea. Kichwa kiliuma na picha mbili zilinichanganya. Kisha asubuhi moja, nimesimama kwenye tope hadi magotini, jicho la kushoto likaona mwari, wale ndege weupe wakubwa wenye mfuko chini ya mdomo, wakiinuka kwa pamoja mbali kabisa na mahali nilipoelekeza kamera. Nikageuka taratibu, nikawangojea, wakaingia kwenye picha yangu mmoja baada ya mwingine. Yule mama alinisogelea kwenye tope. Alinishika bega tu.

Tangu siku hiyo sikupiga tena harusi. Niliwapiga picha wafugaji waliohamia bonde la Rukwa na ng'ombe wao kutoka kaskazini, wakati wanakamua na wakati wanacheza ngoma baada ya mavuno. Niliwapiga akina mama wa Wampembe wakianika dagaa mchangani. Nililala siku nyingi juu ya korongo la Kalambo nikingoja ndege wenye upara walishe makinda yao kwenye miamba. Mke wangu, ambaye ni mwalimu wa shule ya msingi hapo mjini, alilea watoto wetu karibu peke yake. Nilikuwa narudi nimebabuka na jua, nanuka moshi, nalala, naondoka tena. Niliipenda kazi ile. Sijui namna nyingine ya kulisema.

Kila niliporudi safari, kabla hata ya kufua nguo, nilipanda pikipiki kwenda kijijini kwa baba. Baba alikuwa kipofu. Hakuwahi kuona filamu yangu hata moja. Kwa hiyo nilikuwa namsimulia. Alikaa kwenye kigoda chake upande wa ukuta usiopigwa na upepo, blanketi mabegani, nami nikamweleza nilichopiga tangu mwanzo hadi mwisho. Alikuwa na maswali ya mtu anayejenga kitu kichwani. Ng'ombe walikuwa wa rangi gani. Maji yale yalikuwa ya udongo au ya kijani. Ndege akiruka anakunja miguu au anaiacha ining'inie. Wakati mwingine sikujua jibu, na safari iliyofuata nilitazama kwa ajili yake.

Hakuzaliwa kipofu. Macho yalianza kumwacha nikiwa shule ya msingi. Alianza kugonga miimo ya milango. Alikanyaga vifaranga. Mtu akimsalimia kutoka pembeni, hakugeuka, na watu wakaanza kusema amekuwa na dharau. Hakuwa na maumivu yoyote, macho yake hayakuwa mekundu wala hayakutoa machozi, na hilo ndilo lililowatisha wazee. Ugonjwa usiouma, walisema, una mtu nyuma yake.

Nyumbani kwetu alikuwa akiishi shangazi, dada mdogo wa baba, mjane asiye na mtoto. Mama yangu alifariki nikiwa bado mdogo sana, na shangazi ndiye aliyetulea na kutupikia. Alikuwa fundi wa kukaanga karanga bila kuunguza hata moja, na alituimbia tukiwa tunapembua ulezi. Ndugu wakamleta mganga kutoka mbali. Mganga akasema mtu anayemwangamiza baba yu karibu naye, na kwamba dawa imepitia kwenye chakula. Hakutaja jina. Hakukuwa na haja ya kutaja, kwa sababu jikoni alikuwa mtu mmoja tu.

Mimi sikuwepo ndugu walipokaa kikao kuamua la kufanya. Nilirudi kutoka shule nikakuta mafiga ya baridi. Niliambiwa shangazi amehamia ziwani. Baba alikuwa amekaa uani, macho yake yakitazama moja kwa moja mbele, kama mtu anayechungulia kwenye bomba. Tangu hapo jina la shangazi halikutajwa tena nyumbani, na baba alimaliza kupoteza macho akiwa anapikiwa na shemeji yake, mke wa kaka yake mkubwa.

Nilimpata shangazi baada ya miaka mingi, kwa sababu ya kazi. Nilikwenda Kasanga kupiga picha za mizigo inayopakiwa kwenda Zambia na Kongo, na mwanamke aliyekuwa akiuza samaki aina ya migebuka waliokaushwa karibu na bandari akanitazama ninavyotembea, akaniita kwa jina la utotoni. Alisema natembea kama kaka yake. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, kisha akalia kidogo na kufuta uso kwa upindo wa kanga. Kila nilipopita upande ule baadaye nilimpelekea unga wa ulezi, kwa sababu alisema ugali wa huko hauna ladha. Aliniuliza habari za mke wangu, za watoto, za mvua. Juu ya siku aliyoondoka nyumbani hakuuliza kitu, nami sikujua pa kuanzia.

Baba nilimwambia, kwa njia ya kuzunguka. Nilimsimulia Kasanga kama nilivyomsimulia kila mahali, boti, magunia, mlima unaoshuka hadi majini, na mwishoni nikasema nimeonana na mtu wetu mmoja. Alivuta blanketi mabegani. Kisha akauliza, "Kuna upepo kule?"

Nikamjibu kwamba upo. Hakuuliza tena.

Baba alifariki wakati wa baridi, wakati upepo wa Ufipa unapita hata kwenye matofali. Alikwenda na imani yake kwamba dada yake wa damu ndiye aliyemzima macho. Tulimzika pembeni ya shamba. Shangazi hakuja, na hakuna aliyempelekea habari isipokuwa mimi, na mimi nilichelewa.

Miaka michache baada ya hapo tulikuwa tena Ziwa Rukwa, na filamu nyingine, na kiongozi mwingine, kijana mpole wa Dar es Salaam. Nilikuwa nimeelekeza kamera kwenye mamba mmoja aliyelala kwenye ukingo. Nilisikia kelele ya mabawa lakini sikuona kitu. Kisha kijana akanigusa mgongoni na kuniuliza taratibu kwa nini sikugeuka. Kundi zima la mwari lilikuwa limepita upande wangu wa kushoto, chini kabisa, karibu kutugusa. Watu wote waliokuwa nyuma yangu waliwaona. Jicho langu la kushoto lilikuwa wazi wakati wote, na halikuniambia kitu.

Nilisema jua lilinipiga machoni. Lakini niliporudi nyumbani mke wangu, ambaye hasemi jambo mpaka awe na hakika nalo, akaniambia kwamba tangu mwaka uliopita namwaga chai kila anaponiwekea kikombe upande wa kushoto, na kwamba siku hizi anakiweka upande wa kulia bila kuniambia. Alitaka niende Mbeya kwenye kliniki ya macho. Nilikwenda.

Walinikalisha mbele ya mashine yenye kitu kama bakuli kubwa jeupe, kidevu kwenye kishikizo, jicho moja likiwa limefunikwa. Nilitakiwa kutazama katikati bila kuhamisha jicho, na kila nikiona kidoa cha mwanga popote pale nibonyeze kitufe. Mtu aliyeishi kwa macho huona hilo ni jambo dogo. Nilibonyeza, nikabonyeza, kisha vidoa vikakoma. Nikangoja. Nikaona imechukua muda mrefu, nikamuuliza muuguzi kama mashine imezimika.

"Haijazimika, baba," akasema. "Endelea tu kutazama."

Hapo ndipo nilipojua, kabla ya daktari. Daktari alikuwa mama kijana, mwenye sauti ya kutuliza. Alisema ni presha ya macho. Haiumi, alisema, na ndiyo maana watu huchelewa. Inakula pembeni taratibu, na jicho moja humsaidia mwenzake kuficha, mpaka mtu anabaki anachungulia kama kwenye bomba. Jicho la kushoto lilikuwa limeharibika sana, la kulia lilikuwa limeanza. Kilichopotea hakirudi. Dawa ya matone ingelinda kilichobaki, nikiitumia kila siku bila kuacha.

Kisha akauliza kama kwetu kuna mtu mwingine aliyepoteza macho.

Nikamwambia habari za baba. Aliuliza ilianzaje, nikamweleza miimo ya milango, vifaranga, salamu zilizokosa kuitikiwa, bomba. Kadiri nilivyoeleza, ndivyo alivyotikisa kichwa kukubali, kama mtu anayesikia hadithi anayoijua. Alisema ugonjwa huu mara nyingi hutembea kwenye damu, na kwa namna ninavyoeleza, baba yangu alikuwa nao huu huu. Watoto wangu wote wapimwe.

Nikamuuliza, "Chakula kinaweza kuuleta?"

"Chakula gani?"

"Chochote. Kitu ambacho mtu amepikiwa."

Alinitazama kwanza kabla ya kujibu. "Hapana, baba. Hakuna chakula kinachofanya hivi."

Watu hufikiri nililia kwa ajili ya kazi yangu. Kazi niliililia baadaye, kidogo kidogo, mpaka leo. Siku ile kwenye benchi nje ya kliniki nilikuwa namlilia mwanamke aliyekaanga karanga.

Sikwenda nyumbani moja kwa moja. Nilishuka Sumbawanga, nikapanda gari la Kasanga. Shangazi nilimkuta nyuma ya nyumba yake akigeuza samaki juu ya wavu wa moshi. Alikuwa amezeeka, mgongo umepinda, lakini vidole vyake vilikwenda haraka kwenye moto. Nilikaa chini karibu naye na kumweleza kwa Kifipa, kwa sababu nilijua zile shutuma za kikao zilisemwa kwa Kifipa. Nilimwambia nina ugonjwa wa macho, ni ule wa baba, una jina, una dawa, umo kwenye damu yetu na ulikuwemo kabla ya yeye kumpikia baba chungu chochote.

Hakuacha kugeuza samaki mpaka alipomaliza safu yote. Akauliza kama mimi nitapofuka. Nikasema huenda nisipofuke kabisa. Akashukuru Mungu. Kisha akasema jambo ambalo limebaki nami kuliko picha yoyote niliyowahi kupiga.

"Mimi nilijua sikufanya kitu," alisema. "Lakini watu wote wakikuambia umefanya, inafika siku unajiuliza kama mtu anaweza kufanya na asijue. Huku nilipikia watu wengine, nikawa nawatazama macho."

Aliniuliza kama baba aliwahi kumtaja. Nikamwambia lile swali la upepo, kwa kuwa sikuwa na kingine cha kumpa. Alijifunga kanga vizuri, kisha akasema kaka yake alikuwa anajua kwamba kifua cha dada yake hakipendi baridi. Akaomba nimpeleke nyumbani. Alitaka yasemwe palepale uani, mbele ya walewale waliobaki.

Nilikodi gari. Nilikuwa na kamera, maana sikuwahi kusafiri bila kamera, na alipoiona kwenye kiti cha nyuma aliniomba ibaki humo humo. Hakutaka watu wa mbali wamwone akilia.

Aliyekuwa amebaki kati ya wakubwa wa kikao kile ni baba mkubwa, kaka mkubwa wa baba na wa shangazi, pamoja na mkewe. Nilikuwa nimetuma habari. Walikuwa wametandika mkeka, na majirani kadhaa wamekuja. Nilisimama nikasema yote aliyoniambia daktari, kwa Kifipa, polepole, na mke wangu ambaye alikuja kutoka mjini akanisaidia nilipokwama. Hakuna aliyenikatiza. Nilipomaliza, baba mkubwa alikuwa akitazama ncha ya fimbo yake.

"Madaktari wana yao," alisema. "Na sisi hatukumfukuza. Tulikubaliana aende."

"Nilikuwepo," shangazi akajibu. Hakupandisha sauti.

Mama mkubwa ndiye aliyeinuka. Mguu wake mmoja ulikuwa mbaya lakini alipiga magoti mbele ya wifi yake, akamshika mikono yote miwili, akamwomba aingie jikoni atupikie. Kila mtu pale alielewa maana yake. Shangazi aliingia. Tulimsikia akipuliza moto, akitafuta mwiko, akiuliza chumvi iko wapi kwenye nyumba aliyokuwa akijua kila kitu kilipo. Alipika ugali wa ulezi na maharage. Mama mkubwa alikula, mke wangu alikula, majirani walikula, mimi nilikula. Baba mkubwa alinawa mikono, akasogea kwenye sinia, akakaa kidogo. Kisha akasema anamsikia ndama kwenye shamba la maharage, akainuka, akatoka. Hakurudi mpaka vyombo vilipooshwa.

Hakukuwa na ndama. Shangazi alilijua hilo kama tulivyolijua sote. Alimaliza chakula chake chote, akalamba vidole, akasema chumvi ilizidi kidogo.

Alasiri nilimpeleka kaburini. Alikaa chini kwenye majani na kunyoosha miguu, akazungumza na kaka yake kwa sauti ndogo, nami nikasogea mbali ili nisisikie. Mama mkubwa alimwomba abaki, hata mwezi mmoja tu. Shangazi alisema samaki wake wataharibika. Kesho yake nilimrudisha Kasanga, na njiani alilala karibu safari yote, kichwa kikigonga kioo.

Alifariki masika yaliyofuata, kwa kifua. Majirani zake walimzika huko huko, Wakristo na Waislamu kwa pamoja, wanaume wakachimba na akina mama wakapika. Kutoka nyumbani tulikwenda mimi, mke wangu na mama mkubwa. Baba mkubwa alituma salamu kwamba barabara ni ndefu.

Kuhusu kazi, niliendelea kwa muda. Nilijifunza kuzungusha kichwa kama ndege ili la kulia lione ambacho la kushoto haliwezi. Lakini kazi ya pori haimngojei mtu anayezungusha kichwa. Mara ya mwisho ilikuwa Kalambo. Nilikanyaga hewa ukingoni mwa korongo, upande wa kushoto, na mpiga picha mwenzangu akanidaka kwa mkanda wa begi. Alinikalisha mbali na ukingo, akarudi akachukua nafasi yangu kwenye kamera, nami nikaona kutoka nyuma kwamba anajua kazi. Niliuza lenzi zangu kubwa kwake. Siku hizi nawafundisha vijana wa hapa mjini kupiga picha, na napiga za pasipoti.

Watoto wetu walipimwa. Wawili wako salama kwa sasa. Mkubwa, binti anayesomea uuguzi Mbeya, presha ya macho yake iko juu, na ameanza matone mapema, jambo ambalo daktari anasema ni bahati. Nilipopata habari nilimpigia simu, na kabla sijasema lolote yeye ndiye aliyeanza kunituliza.

"Baba, mimi nina dawa," alisema. "Na hakuna mtu atakayefukuzwa nyumbani kwa ajili yangu."

Nilimwambia ni kweli. Nikamuuliza amekula nini, akasema wali na mchicha, amejipikia mwenyewe. Baada ya hapo tukazungumza habari za ada na mvua mpaka salio likaisha.